Yowe la Shehzad Jikoni kwa Bibi

Mathew, kaa chini kwanza. Heshima ya rafiki yako Shehzad, yaani mimi, imefariki leo asubuhi, jikoni kwa bibi yake hapa Mabawa.

Mpango unaujua. Nyoka wa plastiki ndani ya ndoo ya mchele, bibi apige yowe, video iende TikTok.

Bibi Kulsumbai akafunua ndoo. Akamshika nyoka mkia kama anachagua bamia sokoni. "Shehzad, baba, huyu mwenzio ana njaa." Akamrushia shingoni!

Shehzad akapiga yowe. YOWE, Mathew! Akapanda juu ya meza anamwita mama. Nyoka kamnunua mwenyewe! Akili ilijua ni plastiki, miguu haikupewa taarifa.

Na bibi, ambaye Idi iliyopita alikuwa akitupiga picha anatukata vichwa, keshaiweka video ya yowe hilo kwenye status ya WhatsApp. Matroni wetu kaiona. Kaandika, "Pole mwanangu." Jumatatu tunarudi bwenini.

Sasa sikiliza. Video imepigwa kutoka nje, dirishani. Mpango tuliujua wawili tu. Na mwishoni kuna mtu anacheka huku anakoroma, kicheko ambacho katika bweni zima anacho mtu mmoja tu.

Mathew.

Si uliniambia uko Pangani?