Geti la Jiwe la Buluu

Jumatatu, 3 Machi

Kitinda mwanetu kaja kuchukua vitu vyake vya mwisho — viatu, picha, lile feni bovu. Mashine yake ya gemu kaiacha. Eti ni ya baba yake sasa. Nikamwuliza, baba yako na gemu wapi na wapi? Kumbe wamepanga na Binti wa Mazoezi, yule dada anayekuja kumnyoosha Fundi, mume wangu, mkono tangu alipopata kiharusi. Binti alitaka kitu cha kubonyeza kinachovutia kuliko ule mpira wa kuminya. Mpira wenyewe Fundi ameshautupa chini ya kochi. Anasema yeye si mbwa.

Basi tukakaa, mume na mke, kila mtu na rimoti yake. Watu wazima na akili zetu! Kwenye gemu unaamka kisiwani huna kitu, hata kisu. Unakata mti kwa ngumi (nani anakata mti kwa ngumi?), unapata shoka, kwa shoka unapata mawe, kwa mawe unapata sururu. Likiingia giza, madude yanatoka msituni. Televisheni imegawanywa katikati: Fundi juu, mimi chini. Yeye alikufa kwa kutumbukia majini. Mimi niliuawa na nguruwe. Kitinda alicheka mpaka akakaa sakafuni.

Lakini niliona. Rimoti kaibana kwa magoti, anabonyeza yote kwa mkono wa kushoto. Wa kulia ulilala pajani muda wote kama mgeni.

Jumatano, 5 Machi

Tuna nyumba! Ya magogo, imepinda, lakini nyumba. Mimi naokota kila kitu: manyoya, mbegu, mifupa, vijiti. Masanduku yote yamejaa. Fundi ananicheka, anasema nimehamishia huku lile kabati langu la vipande vya vitambaa. Nikamwambia mshonaji hatupi kipande. Hujui kitafaa lini.

Yeye ana wazo moja tu: geti. Nyumba bila geti ni zizi, anasema. Huyu! Mageti ya mtaa mzima kachomelea yeye, na la kwetu ni bati lililofungwa kwa waya tangu Kitinda anatambaa. Kinyozi hajinyoi. Nilimwambia hivyo usoni. Akanijibu geti letu liko njiani. Ndivyo alivyokuwa akijibu hata kabla hajaumwa, na kwa kweli nilifurahi kulisikia tena jibu hilo la uongo.

Geti la kisiwani linataka chuma na kufuli. Chuma kipo tele. Kufuli ndiyo kazi — lazima jiwe la buluu. Kitinda kasema kwa simu liko chini kabisa, kwenye mapango yenye maji, na ni adimu kweli. Kuna wanaocheza mwezi mzima hawajaliona.

Jumamosi, 8 Machi

Shemeji alikuja, mdogo wake Fundi. Kamletea kaka yake matunda, kamkata kucha, kamchekesha. Halafu akatoa la moyoni. Amepata mtu wa kununua mashine ya kuchomelea. Karakana imefungwa, mashine inakula kutu, bora iende kwa mtu atakayeifanyisha kazi. Simlaumu. Hakusema kwa ubaya, hata jasho lilimtoka. Mtu huyo yuko safarini, anakuja Jumapili ya tarehe 23.

Nilimtazama Fundi nikitegemea afoke. Hakufoka. Akasema, "Mwache aje," macho kwenye televisheni iliyozimwa.

Mtu aliyekuwa haruhusu mtu yeyote kuigusa ile mashine, hata kuifuta vumbi!

Binti wa Mazoezi alipokuwa anatoka nilimfuata mpaka kwenye bati. Anasema vidole vina uhai, ila mwenyewe ameviacha, na kidole kisichotumwa kinasahau. Akaongeza kwamba nipunguze kumfanyia kila kitu. Mimi? Kila kitu? Nikamwambia asante mwanangu, nikarudi ndani kumfunga Fundi vifungo vya shati.

Jumatatu, 10 Machi

Tumelipata!! Tumelipata!!

Tulishuka na taa, nikitangulia mimi. Fundi nyuma ananielekeza kama vile ameishi humo pangoni: kata kushoto, ziba hapo, usikanyage hapo. Tukasikia maji. Kona ya mwisho — buluu! Inang'aa ukutani kama kitambaa cha satini. Nilipiga kelele, mwalimu wa kwaya aliyekuja kuulizia majoho yake akadhani nimechomwa na sindano.

Sasa jiwe hili lina masharti. Lazima ukishike kitufe cha nyuma, cha upande wa kulia, ukishike kwelikweli, mpaka ufa utambae jiwe zima. Ukiachia kidogo tu, linarudi zima kama hujaligusa. Kwa mkono wa kushoto Fundi hafikii kitufe hicho na huku anashikilia sururu isiyumbe. Alijaribu na wa kulia. Kidole kilikaa hapo juu, hakikushuka. Nikamwambia lete, nikachimba mimi. Mawe yote ya ukuta ule. Yakatosha kufuli kabisa.

Tuliimba njia nzima kurudi nyumbani. Kweli, tuliimba!

Jumanne, 11 Machi

Msiba.

Niliacha mawe sandukuni, nikaenda kumpima mteja. Narudi, Fundi kaiweka rimoti chini. Kayatia mawe kwenye tanuru letu la kisiwani. Yote! Miaka yote ya kazi yake, kitu kigumu kikifika mkononi kinapelekwa motoni. Hajajiuliza mara mbili. Kumbe jiwe la buluu haliyeyushwi, linakatwa likiwa bichi. Limetoka tanuruni kioo. Kioo cha kawaida, ambacho hata mchanga unakitoa.

Nikamwambia si kitu, yapo mengine. Hakunisikia. Akasema, "Hata kazi ya uongo naiharibu."

Ningeweza kumkumbatia na ningeweza kumzaba kofi. Sikufanya lolote. Nilikwenda kuchemsha chai, nikalia na birika.

Alhamisi, 13 Machi

Hachezi. Mazoezi hataki. Binti wa Mazoezi kaja, kaondoka. Fundi amelala na uso ukutani. Nimeshona joho moja, mkono nimeugeuza nje ndani. Nimefumua.

Ijumaa, 14 Machi

Nina akili mimi.

Alipolala baada ya chakula, niliwasha gemu, sauti nikaiua. Nikashuka pangoni peke yangu. Nasema ukweli, niliogopa. Bila yeye kuniambia kata kushoto, nilikata kulia, nikaangukia kwenye madude. Nikafa. Nikarudi. Nikafa tena, safari hii kwa njaa, maana chakula hubeba yeye. Nikarudi tena. Majoho ya kwaya yananiangalia kutoka kwenye kiti. Yasubiri! Nikafika mbali kuliko siku ile, nikapata ukuta mwingine wa buluu. Nikabana kitufe mpaka kidole kikaingia ganzi.

Nikayabeba mawe mpaka nyuma ya nyumba yetu ya magogo. Nikayafukia, nikafunika udongo vizuri, hata nyasi nikarudishia. Kesho kutwa nitamwambia achimbe shimo la bustani, atayaokota mwenyewe. Moyo utamrudi. Udongo ni laini, hata mkono mgonjwa unauweza.

Sijawahi kujipenda kama leo.

Jumapili, 16 Machi

Sijui niandikeje.

Nilimbembeleza, akakubali. Kwa ajili yangu tu, alisema. Nikamwonyesha pa kuchimba. Akachimba, jiwe la kwanza likatoka. Nikashangaa kwa nguvu zangu zote, nadhani nilizidisha. Akachimba mbele kidogo, la pili. La tatu. Akaacha. Akatazama yale mashimo muda mrefu, halafu akanigeukia mimi.

"Mama," akasema, "mawe ya porini hayapangwi kama vifungo vya shati."

Loo! Nilitazama. Kweli kabisa. Mstari ulionyooka, nafasi sawasawa, hata kwa rula usingepata hivyo. Mkono wangu wenyewe umenisaliti. Nikataka kubisha, uongo ukanikauka mdomoni. Akaanza kucheka. Fundi! Kucheka kwa tumbo, kule kwa zamani, mpaka machozi. Nikacheka na mimi. Halafu nikaona machozi yake hayaachi na kicheko kimeshakwisha.

"Usinichimbie," akasema. "Shati unanifunga, chakula unanikatia, sawa. Hili usinichimbie."

Akayaokota mawe yangu, akaenda nayo hadi ufukweni, akayatupa majini. Moja moja! Nilivyokufa kwa ajili ya yale mawe! Nilikasirika mpaka masikio yakawaka moto. Nikamwambia ana kiburi cha punda, na kwamba kwaya nzima itaimba bila majoho kwa sababu yake. Akasikiliza mpaka nikamaliza. Akasema twende chini, nitachimba mwenyewe. Wewe shika taa.

Nikashika taa.

Jumatatu, 17 Machi

Pangoni. Kidole hakijashuka.

Jumatano, 19 Machi

Kwanza, rimoti haibanwi tena kwa magoti. Kaishika mikono miwili, wa kulia nimeufunga kwa kipande cha lastiki usiteleze. (Kipande! Kutoka kwenye kabati langu! Nani alisema nitupe?) Pili, kidole kimeshuka. Kidogo. Ufa ukaanza kwenye jiwe, kisha kikaachia, jiwe likarudi zima. Tena. Tena. Alitukana tusi ambalo sijalisikia tangu geti la mwenye duka mmoja lilipomwangukia mguuni. Nilitaka kusema lete. Nimejing'ata ulimi, nina alama.

Jioni nilifagia chini ya kochi kutafuta bobini ya cherehani. Ule mpira wa mazoezi haupo. Nikatandika kitanda, nikaukuta chini ya mto wake. Nikaurudisha palepale. Sijasema kitu, wala sitasema. Ila nilikaa pale kitandani kidogo, nimeushika ule mto. Nampenda mzee huyu, na ataniua kwa presha.

Jumamosi, 22 Machi

Asubuhi alitoka chumbani kavaa shati. Kifungo kimoja kakifunga mwenyewe. Kimoja, na kakitia kwenye tundu la jirani yake! Shati limepanda upande mmoja, kola iko sikioni. Mimi ni mshonaji. Vidole vyangu viliniwasha siku nzima. Binti wa Mazoezi kaja, kaliona lile shati, kaniona mimi, kanikonyeza. Sikuligusa. Kala na shati hivyo, kapokea wageni na shati hivyo, na mimi nimekaa kama niliyekalia pini.

Shemeji kapiga simu: kesho asubuhi, yeye na yule mtu. Fundi kasema sawa. Kisha, nikidhani amesinzia, kaniuliza kama nadhani mashine imeshika kutu sana. Nikasema sijui. Ukweli ni kwamba kila Ijumaa naenda kuifuta na kitambaa chenye mafuta. Sikumwambia. Labda nilipaswa.

Jumapili, 23 Machi

Naandika nikiwa kwenye kochi, daftari gotini. Kazi yangu humo pangoni ni kusimama tu na taa, kwa hiyo mikono ni yangu.

Amechemsha maji ya chai mwenyewe, akamwaga nusu, tukanywa nusu. Kisha moja kwa moja chini. Hakuvaa vizuri kwa ajili ya mgeni. Shati lile lile, ila leo vifungo viwili, na kimoja kiko mahali pake! Hajasema chochote kuhusu mashine. Na mimi sijauliza. Nimemwambia tu kwamba kuna madude upande wa kulia. Akasema yaache.

Yuko mbele ya jiwe. Lile lile la Jumatano.

Ameweka kidole. Kinatetemeka. Kimeshuka. Ufa umeanza.

Bati linagongwa. Ni Shemeji, anabisha hodi, namsikia anamwambia mtu kwamba wapo, redio yao imezimwa lakini wapo. Sauti nyingine nzito inasema jua kali. Nimeinuka nusu.

"Kaa," Fundi kasema. Hajageuza kichwa. Jasho linamtoka mpaka kidevuni. "Taa."

Nikakaa. Nikasema kwa sauti ndogo kwamba mtu wa mashine amefika. Akavuta pumzi kwa meno.

"Mwambie mwenye mashine yuko kazini."

Ufa umepita katikati. Kidole kimekuwa cheupe kwenye ncha. Hodi tena, waya wa bati unalia, Shemeji anauliza kama kuna usalama. Nilipaswa kuitikia. Nikifungua mdomo nitasema lete. Najijua.

Hajaachia. Bado kidogo jiwe lote. Hajaachia. Wanagonga, na mimi nimeshika taa.