Filamu ya Mto Bila Baba Njoroge

Mama Ciru,

Tangu tukuzike nimekuwa na hasira, na nyingine ni juu yako wewe. Mtu anaendaje na filamu yetu haijaisha?

Ile ya kiwanda cha rangi kule Thika, kinachomwaga uchafu mtoni, nimeimalizia peke yangu. Jumamosi tunaionyesha kwa ukumbi wa kanisa, na watu wa televisheni watakuja. Lakini kwanza nilifuata sheria yako: walio ndani ya filamu ndio wa kwanza kuiona, na asiyetaka anatolewa. Nilikuwa nakuambia hiyo sheria itatumaliza, na wewe unanijibu, "Karanja, uso wa mtu si shamba lako."

Basi nikabeba projekta mpaka Gatongora kwa Baba Njoroge, aliyekuwa mtu wa mabomba pale kiwandani. Tukatundika shuka ukutani. Akajiona akieleza vile walikuwa wanaagizwa kufungua bomba mvua ikinyesha, ndio rangi ipotelee kwa mafuriko. Aliangalia mpaka mwisho, chai ikapoa mkononi. Halafu akasema, "Nitoe." Kijana wake ameandikwa kazi majuzi hapo hapo kiwandani. Ai, Mama Ciru! Kwa nini wamwandike sasa? Hata mzee mwenyewe anajua kwa nini. Alikuwa anaangalia chini.

Bila yeye hatuna kitu, ni picha za maji tu na sukuma wiki za kando ya mto. Nilirudi kwangu Ruiru mjini nikakaa mbele ya kompyuta, kidole kikakataa kufuta. Nani angejua? Wewe hauko.

Tena kuna jamaa wa kiwanda aliniita kwa hoteli moja ya nyama choma kule Kamakis. Akaagiza mbavu, akaniuliza watoto wangu wanasoma wapi, na kabla nijibu akaitaja shule yenyewe. Sikugusa hiyo nyama. Naogopa, haki ya Mungu. Mlango ukigongwa mchana kweupe, naruka.

Nimemtoa Baba Njoroge. Uso na sauti.

Halafu nikakumbuka siku ile tulijikinga mvua, wewe na mimi, kwa kibanda cha mboga ng'ambo ya mto. Kamera ilikuwa kwa begi isilowe. Bomba likafunguliwa tukiangalia, maji yakatoka ya zambarau. Ukanishika mkono, "Umeona? Basi usisahau." Tulioona tulikuwa wawili, Mama, na wewe umeenda.

Kwa hivyo jana niliwasha kamera nikaenda kukaa mbele yake, upande ule mwingine, mahali sijawahi kukaa maisha yangu yote. Nikasema jina langu na mtaa ninaoishi. Nikaeleza nilichoona. Kisha nikamwita mke wangu aione kwanza, kwa sababu watoto ni wake pia. Nikamwambia akisema nitoke, natoka.

Alilia hata nikafikiri amekataa. Halafu akasema, "Rudia hapo kwa jina. Umelimeza."

Nimelirudia. Pumzika sasa, Mama Ciru. Jumamosi sitajificha nyuma na mitambo. Nitakaa kiti cha mbele, mwenye kunitafuta anione.

Wako,
Peter Karanja