Kiungo Alichokifuta Shemeji

Jumanne

Na wala hakuniuliza. Shemeji Hamisi amekifuta kile kiungo kwenye blogu yake ya harusi, kilichokuwa kinaleta wateja moja kwa moja kwenye tovuti ya duka langu la vitenge na kuifanya itokee juu mtu akitafuta mtandaoni. Eti alikuwa anapunguza makorokoro.

Makorokoro. Sasa mtu akitafuta vitenge vya Kariakoo kwenye simu, wanatokea majirani zangu wote, mimi niko mkiani. Wiki nzima sijapata oda hata moja, na naogopa nitakosa kodi na kuirudisha fremu ya duka kwa mwenyewe.

Nikampigia, naye akanijibu: "Shem, kiungo kimoja tu, mbona unakuza mambo?"

Kimoja tu, na ndicho kilichokuwa kinanilisha. Nikamkatia simu.

Jioni kanitumia ujumbe. Kuna bibi harusi anataka sare za ukoo mzima. "Nimekutafuta mtandaoni nimwonyeshe duka lako, Shem. Mbona huonekani?"