Mpaka Isinya

Baba Nekesa,

Bado naamka saa kumi na moja na kupanda basi la Kajiado. Kitengela nzima inakimbilia Nairobi, mimi naelekea upande wa pili na viti vitupu. Siku hizi nakaa dirishani. Lilikuwa lako miaka kumi na mitano, na nakiri nilikuonea wivu.

Unakumbuka sheria yako? Hakuna kuongea mpaka Isinya. Nikianza habari za maji kukatika, unaniambia, "Ngoja Isinya," halafu unatazama pundamilia kana kwamba umeajiriwa kuwachunga. Mwaka wa kwanza wa ndoa nilidhani umenichoka. Nilimlilia mama kwamba nimeolewa na bubu. Basi likifika Isinya unafungua mdomo, na jambo limeshaamuliwa: tununue ploti, Nekesa ahamishwe shule.

Tulipotoka kukuzika Bungoma, wiki za kwanza nililia tu njia nzima, nikapanguza uso nikaingia ofisini. Kisha asubuhi moja machozi hayakuja. Nikabaki na ile mbuga na kichwa changu, ndipo nikajua ulikuwa ukifanya nini hapo dirishani. Ulikuwa unatufikiria.

Sasa sikiliza. Ndugu yako Wafula ameandika kwamba ploti iuzwe, nirudi nyumbani nikae karibu na kaburi lako. Anakuja Jumamosi kuchukua jibu. Barua yake nilitembea nayo kwenye mkoba siku nne. Juzi jirani yetu Mama Naserian, akienda mnadani, alikaa kando yangu, akanisalimia kwa Kimaasai, "Sopa," akaanza kunishauri. Nikamwambia, "Ngoja Isinya." Alicheka akanyamaza. Anakukumbuka vizuri.

Tulipofika nikasema kwa sauti, "Siuzi." Kondakta akageuka: "Mama, unashuka hapa?" Nikamwambia hapana, naenda Kajiado kama kila siku.

Wafula namwogopa kidogo, sikufichi, maana ana sauti yako. Lakini nitampikia kuku, ale ashibe, kisha nimwambie. Nyumba nitaijenga kwenye ploti yetu. Desemba tutakuja kupalilia kaburi lako.

Pumzika, mume wangu. Januari Nekesa anaanza sekondari Kajiado, tutakuwa tukipanda basi pamoja. Dirisha nitampa yeye, na sitamsemesha mpaka Isinya.

Mama Nekesa wako