Penseli Pembeni mwa Daftari la Kijani

Mwalimu Gitau,

Jumapili iliyopita ulipingwa mbele ya watu, na udongo juu yako hapo Thika bado haujashikana. Nimeona heri nikueleze mwenyewe. Najua ungecheka, uvue miwani, uipanguse kwa shati, uulize nani amekupinga.

Tangu tukuzike, darasa letu la Kiebrania hapa Ruiru lilikaa wiki sita bila kufunguliwa. Wanafunzi walinipigia simu dukani nikiwa na pini mdomoni na gauni la mtu mezani, wakitaka kujua tunaanza lini. Niliwaambia wangoje. Ufunguo wa kile chumba nyuma ya kanisa alikuwa nao Mzee Kamande, na daftari lako la kijani pia. Mkeo alimpa kwa heshima, kwa kuwa ndiye mkubwa wa wazee wa kanisa.

Ndani ya daftari Mzee alikuta mstari ulioandika mwaka wa kwanza wa darasa, kwamba mtu asifundishe kama hajawekewa mikono na mwalimu wake, jinsi Musa alivyomwekea Yoshua. Na wewe hukumwekea mtu mikono, Mwalimu. Uliugua Jumatatu, Ijumaa ukatuacha. Kwa hesabu ya Mzee, darasa lilikufa nawe, na chumba kingewekwa viti na mahema ya kanisa.

Alituita baada ya ibada, akausoma mstari huo kwa ile sauti yake ya mimbarini. "Ni Mwalimu amesema," akasema, akafunga daftari. Wazee wengine watatu wakaunga mkono, kuanzia mkubwa kuja kwa mdogo. Mimi nilinyamaza. Nisamehe. Kubishana na mwandiko wako wakati huwezi kunijibu, niliona ni kama kukuzika mara ya pili.

Hapo nikakumbuka desturi yako. Ulituambia kwamba katika mabaraza ya Wayahudi wa kale, kesi ikiwa ni ya uhai wa mtu, mwamuzi mdogo kabisa ndiye aliyeulizwa kwanza, asije akamsikia mkubwa akameza maneno yake. Kwa hiyo darasani kwetu aliyekuja mwisho ndiye alianza kusema, hata kama herufi mbili za kwanza bado zinamchanganya. Wewe uliyefundisha darasa la nane miaka na miaka, uliyeweza kunyamazisha paredi nzima kwa kuvua miwani tu, ulikaa kwenye benchi la nyuma ukingoja zamu yako. Sijaona mtu mwingine mwenye mamlaka mengi hivyo na haraka kidogo hivyo ya kuyatumia. Ulisema neno la Kiebrania la mamlaka limetoka kwenye kuegemea, na kwamba mwenye mamlaka ni mtu unayeweza kumwegemea. Ukatuangalia na kuongeza kwamba wengi tunaowajua wametukalia.

Basi nikamwomba Mzee tuulizwe kama darasani. Si mtu mbaya, unamjua, na alikupenda. Akakubali.

Aliyekuja mwisho ni Mama Njeri, yule anayeuza viazi sokoni, aliyejiunga miezi miwili kabla hujatuacha. Alisimama akapangusa mikono kwenye leso ingawa haikuwa na kitu. "Mzee, mimi Kiebrania sijui," akasema. "Lakini Mwalimu alikuwa anatusomea peji yote, mpaka ile ya pembeni. Fungua tena, tusomee na ya pembeni."

Mzee alifungua. Akalisogeza daftari karibu na dirisha, kwa sababu pembeni uliandika kwa penseli na ilikuwa imefifia. Akasoma polepole, na sauti ya mimbarini ikamwishia njiani:

"Wambui alinipinga. Anasema kule kuwekeana mikono kulikatika zamani, na waamuzi wa Kiyahudi kule Babeli ambao hawakuwekewa waliendelea kuamua, wakisema wametumwa na waliowatangulia. Nimetafuta jibu miaka minne. Sina. Isifutwe."

Mwalimu, mimi siku hiyo naikumbuka. Mvua ilikuwa inanyesha, nami nilibisha mpaka nikasimama. Ulisema tu, "Tutaona," ukakunja koti. Nilifika nyumbani Mugutha nikiwa na hakika nimekuaibisha, na aibu hiyo nimekaa nayo miaka yote hii. Kumbe ulinipa nafasi kando ya maneno yako mwenyewe, na jina langu juu yake. Ulikuwa ukituambia kwamba wale wazee wa Kiyahudi waliandika hata neno la aliyeshindwa, ili watakaokuja wapate mahali pa kushika. Nilidhani ni historia tu. Nililia pale mbele ya wazee, na sikujificha.

Mzee Kamande alilifunga daftari. Kisha akatoa ufunguo kwenye koti, akauweka juu ya daftari, akavisukuma vyote viwili upande wangu. "Basi wewe ndiye umetumwa," akasema.

Tumeanza tena. Viti na mahema vimetafutiwa pengine. Utafurahi kusikia kwamba Mzee mwenyewe amejiandikisha, na kwa kuwa sasa yeye ndiye wa mwisho kuja, lazima aanze yeye kusema. Akishaanza, kumaliza ni shida. Mama Njeri anangoja zamu yake akimtazama kwa huruma.

Nakuaga sasa, Mwalimu wangu. Nakuahidi kila nilichopata kwako nitakitaja kwa jina lako, hata siku nisipokubaliana nacho. Nimenunua daftari jipya nikapiga mstari na kuacha nafasi pana pembeni kwa kila ukurasa, na penseli inakaa mezani, iliyochongwa, mahali kila mtu anaifikia. Mzee amenipinga mara mbili tayari. La kwanza nimemjibu. La pili bado natafuta, na nimeliandika.

Ni mimi uliyenituma,
Wambui