Binti wa Mfinyanzi Bado Yuko Kisimani

Babu Gurdit,

Nina kosa la kuungama, na nusu ya dunia imeshalisikia kabla yako. Nililala kazini.

Nianze na habari njema. Mjukuu wako Jasleen ametengeneza podikasti ya hadithi zako za Kipunjabi. Ndiyo, zile ulizosimuliwa na bibi yako kule Nakuru, ukakaa nazo miaka yote ya gereji, ukazileta mpaka Herndon huku Marekani, ukakosa wa kumsimulia isipokuwa mimi, Mwanahamisi wa Tanga, niliyekuja kukupima presha na kukupa dawa. Ulinisimulia kwa Kiswahili chako cha ufundi, hata majini wakawa wanagombana kama matanboi wa malori.

Unayakumbuka masharti yako. Hadithi haisimuliwi mchana, maana wasafiri watapotea njia. Na zamu yangu ilikuwa ya mchana. Basi ukaamuru mapazia yafungwe, taa zizimwe, na saa nane mchana tukawa tunakaa gizani kama wezi. Siku uliyosahau ukaanza pazia likiwa wazi, jioni yake nikapitiliza njia yangu kwenye Beltway, ile barabara kuu ya mzunguko, nikajikuta jimbo la Maryland na mimi naishi Falls Church, Virginia. Nilikulaumu wewe.

Sharti la pili, msikilizaji aitikie "hm" kila baada ya maneno machache, la sivyo msimulizi ananyamaza. Jasleen aliniomba niweke simu mezani irekodi. Nikaweka, nikaitikia.

Sasa ile ya binti wa mfinyanzi, aliyempa jini wa kisimani kivuli chake ili ndugu zake wapate maji. Ulifika pale anaposhuka kukidai, ametia mguu kwenye kidato cha kwanza cha ngazi ya kisima. Giza lile, kiti laini, na mimi nimetoka zamu nyingine. Nilipozinduka ulikuwa umeninunia, unataka chai. Ukasema utamalizia Jumatatu. Jumapili ukatutoka.

Sikumwambia mtu. Familia yako iliniajiri nikuangalie, si nikukoromee.

Mwezi uliopita Jasleen akaniita studio. Fundi mitambo alikuwa amezifuta hm zangu zote na kipande cha mwisho, eti ni kelele. Ukabaki peke yako, Babu, unasema, unangoja, hakuna anayekujibu, kama mzee anayeongea na friji. Iliniuma. Tena walikuwa wameshapanga mwisho wao: binti anachomoa upanga, anarusha moto, jini analipuka. Jasleen akanigeukia, "Aunty, is that how he ended it?" Yaani, ndivyo ulivyoimaliza? Ningeitikia hm moja tu, niende zangu nyumbani. Nikakumbuka ulivyoninunia. Nikalia, nikasema kweli: sijui, nililala.

Jasleen akacheka mpaka akashika meza. Akamwambia fundi arudishe kila kitu. Hadithi imetoka hivyo hivyo: hm zangu zinapungua, zinakuwa nzito, nakoroma, halafu sauti yako, "Mwana, kwani umelala? Haya, huyo msichana atangoja hapo hapo." Basi, imeishia hapo.

Watu wameipenda kuliko zote. Akina bibi wa Kipunjabi, wakisaidiwa na tafsiri ya Jasleen, wanatuma ujumbe kutoka kila pembe, kila mmoja na mwisho wake, na kila mmoja anaapa kwamba wenzake ni waongo. Wanangu, ambao nikiwasemesha Kiswahili wananijibu Kiingereza, wameufanya mkoromo wangu kuwa mlio wa simu zao. Juzi umelia msikitini.

Nimekukosa, Babu. Mzee ninayemhudumia sasa anatazama gofu kutwa nzima. Niliitikia hm mara moja, akaniuliza kama naumwa. Nikaenda jikoni nikalia kidogo, nikarudi.

Lala salama. Sitamtungia binti yule mwisho, wala sitakubali mtu ampe upanga. Atangoja pale pale ulipomwacha. Na usininunie tena, maana safari hii ni wewe uliyelala hadithi haijaisha. Siku tutakapokutana, funga mapazia, anzia kwenye kidato cha kwanza. Nitaitikia mpaka mwisho.

Mwanahamisi wako,
niko macho.