Sekunde Tatu Nyuma ya Lori la Mafuta

Jumatatu, 9 Septemba

Mimi nikiugua siku mbili tu, mgodi huu unafungwa. Sijisifu. Shaba haijichimbi, na wachimbaji hawapandi mlima kwa miguu. Anayewapandisha kwa basi dogo kutoka mjini Arequipa ni mimi, Teófilo Cahuana, mwaka wa ishirini na mbili huu. Niliwahi kushuka mteremko wa Patahuasi bila breki, theluji inaanguka, mkono mmoja kwenye usukani na wa pili kwenye kikombe cha chai ya koka. Halikumwagika hata tone.

Leo wameniita ofisini kama mtoro wa jeshi. Kile kidude cha kupima mwendo walichofunga garini kimenichongea: eti lile lori la mafuta linalopanda mgodini nalifuata nyuma kwa sekunde moja tu. Ijumaa nifanye mtihani wa kuendesha kwa kujihami. Nikifeli, kibali cha mgodini kinachukuliwa. Nina miaka hamsini na minne na darasa la nne. Nani atanipa usukani mwingine?

Mtahini ni Nélida, mhandisi wa usalama, miaka ishirini na sita. "Mjomba Teo, gari lina pande nne, na kila upande unataka nafasi yake." Pande nne za gari nilizijua kabla mama yake hajaolewa.

Jumanne, 10 Septemba

Mafunzo. Kabla ya kuwasha, unalizunguka gari lote, unachungulia mpaka uvunguni. Wanauita mzunguko wa jogoo. Nikazunguka, mtu mzima, na wachimbaji wote wako kwenye foleni ya uji wananitazama. Fermín, mchomeleaji, akapaza sauti:

"Mjomba, jogoo tumemwona, tetea yuko wapi?"

Nikamwambia akaulize kwao.

Halafu honi. Moja kuwasha, mbili kwenda mbele, tatu kurudi nyuma. Leo nimepiga honi kuliko msafara wa harusi.

Jumatano, 11 Septemba

Hizo sekunde tatu ni uonevu mtupu. Lori la mbele likipita alama yoyote ya barabarani, unahesabu: mia moja na moja, mia moja na mbili, mia moja na tatu — ndipo nawe uifikie. Haya. Nikaacha nafasi, kombi ikajichomeka. Nikaacha nyingine, basi la kwenda Juliaca likajichomeka. Kwa mwendo huu nitafika mgodini Desemba, tena kinyumenyume.

Nélida alikaa kiti cha pembeni, ametulia kama yuko kanisani. "Waache waingie, mjomba. Wewe acha tena."

Nikamuuliza kama na mezani nyumbani niwaachie wapita njia sahani yangu.

"Hiyo nafasi si yako. Ni ya hao kumi na wanne walioko nyuma yako."

Hilo limeniudhi kuliko yote.

Herminia, mke wangu, naye wakati wa chakula: "Mzee, kwani malori unayang'ang'ania ya nini? Hata ukinipakia mimi, ni hivyo hivyo." Nikamwambia ni ufundi. Taa nyekundu ikiwaka pale karibu, mguu wangu uko kwenye breki kabla mwenye lori hajaamua. Akasema, "Mh." Hiyo mh yake siipendi.

Alhamisi, 12 Septemba

Fupi, nina hasira. Karibu na kijiji cha Imata vikunya watatu, wale ngamia wadogo wa milimani, walikatiza barabara, lori la mafuta likasimama ghafla. Na mimi nikasimama. Kati ya bampa yangu na tangi mkono ungepita — mkono mwembamba. Nikageuka nikawaambia, hicho ndicho kipaji. Hakucheka mtu.

Fermín akashuka, akamaliza kilomita mbili zilizobaki kwa miguu, kwenye baridi ile. "Mjomba, mimi nina watoto."

Kwani mimi nafuga mbuzi?

Ijumaa, 13 Septemba

Naandika nikiwa garini, kando ya barabara. Nélida ameshuka kwenda kumwambia dereva wa lori la mafuta atangulie. Nimezunguka kijogoo, honi nimepiga, nyuma na ubavuni kote amesema safi.

"Imebaki ya mbele tu, mjomba. Unaiona ile nguzo nyeupe? Lori likiipita, anza kuhesabu kwa sauti."

Nikasema naiona.

Nimekodoa macho mpaka machozi yametoka. Kuna barabara. Kuna weupeweupe. Huenda ni nguzo, huenda ni kondoo. Zile herufi za kupimia macho ukutani kliniki nimezikariri, mwaka wa tatu huu. Huwa nasimama mlangoni nawasikiliza walionitangulia. Nikiliacha lori mbali, taa zake zinayeyuka. Ndiyo maana nalisogelea. Hakuna ufundi wowote.

Lori limewashwa. Nélida anarudi, anatembea upesi. Kama anatabasamu au amenuna, sijui bado. Nitajua akifika dirishani.